Tazameni Chini ya Mkia: Namna ya Kumtambua Tetere Mgeni

Mhadhara kwa walimu na waongoza watalii, Mikindani, Mtwara

Asanteni, ndugu zangu wa Mtwara, nanyi mliotoka Lindi. Tetere mmekua nao kwenye mikorosho, sitawaeleza ni ndege gani. Naanza na picha mnazonitumia. Njiwa katua kwenye waya wa umeme, rangi imepauka, pete nyeusi nyuma ya shingo, na swali: "Mwalimu, huyu si mgeni?" Yaani, njiwa asiye wa asili ya nchi hii.

Pete nyeusi! Tanzania hii tunao watatu wenye pete hiyo hiyo. Mmoja ana jicho jekundu na mkia usio na weupe. Wa pili ana jicho la njano na kichwa cha kijivu. Wa tatu ana jicho jeusi, na akiruka kutoka barabarani mnaona weupe kwenye pembe za mkia. Yule mdogo mwenye madoa meusi kifuani hana pete kabisa kisogoni. Kabla hamjawaondoa hao wote, neno "mgeni" lisitamkwe.

Mkishawaondoa, msikimbilie kusema "katoroka tunduni". Hili nimelisema kila mahali na nitaendelea kulisema. Katikati ya miaka ya 1970 njiwa wachache wa kufugwa walitoroka Nassau, kule Bahama. Walikuwa Streptopelia decaocto, ndilo jina lake la kitaalamu, njiwa mwenye pete nyeusi kisogoni ambaye kwao ni Asia. Wakazaliana, wakavuka bahari mpaka Florida, Marekani. Watu wa Florida waliwaona kwa macho yao, wakawapuuza! Kwa nini? Kwa sababu yupo njiwa wa kufugwa anayefanana naye mno, uzao wa tetere wa Sahel, ule ukanda mkavu kusini mwa jangwa la Sahara, na huyo hutoroka mara kwa mara. Basi kila aliyeonekana akahesabiwa kuwa ni huyo wa tunduni. Mpaka mwaka 1987, mchunguzi wa ndege P. William Smith alipochapisha makala kuonyesha kwamba ni njiwa mwingine, naye ameshaweka makazi. Leo amefika majimbo ya magharibi ya Marekani.

Na tofauti ilikuwa wazi kwa mwenye kutazama. Chini ya mkia, kwenye manyoya yanayofunika shina lake, decaocto ni wa kijivu. Wa kufugwa ni mweupe. Manyoya marefu ya bawa la decaocto ni meusi-meusi kuliko mgongo. Ya mwenzake yamepauka. Sauti ndiyo inayomaliza ubishi: decaocto hutoa milio mitatu, wa kati una mkazo. Wa kufugwa hutoa miwili, na wa pili unakoroma kama paka aliyeshiba. Shingo peke yake haikuambii lolote kati ya hayo, nanyi bado mnanipigia picha za shingo!

Najua mtu atasema Florida ni mbali. Kunguru wa Zanzibar je? Aliletwa kutoka India miaka ya 1890, na leo ukanda wetu wa pwani unamjua kwa vifaranga vya kuku anavyobeba. Ndege huyo hupanda meli. Korosho zetu zinapakiwa bandarini hapa kwenda India, ambako decaocto ni wa nyumbani, na meli hizo hurudi. Sisemi amefika. Nasema akifika, nani atamjua?

Muda unanibana. Yule wetu mdogo wa madoa ni mgeni Perth, Australia, tangu 1898, hilo tutalizungumza siku nyingine. Machotara pia nawaacha. Haya yafanyeni: rekodini sauti kwa simu alfajiri, mpigeni picha akitandaza mkia, angalieni kama ana pete mguuni au mkia uliochakaa kwa kukwaruza tundu, na waulizeni majirani nani anafuga. Andikeni mlichokiona kabla ya kuandika jina.

Wenye picha wasogee mbele. Tunaanza na zinazoonyesha mkia.