Tricia Helfer: Modo Mmoja, Nakala Nyingi

Mhadhara kwa wanamitindo na waigizaji chipukizi, Arusha

Ndugu zangu, habari za jioni. Tricia Helfer ni Mkanada, kazaliwa mwaka 1974 na kukulia Donalda, Alberta. Mwaka 1992 alishinda shindano la Supermodel of the World la wakala wa Ford, akaishi kwa uanamitindo miaka kama kumi. Mwaka 2003 akaingia Battlestar Galactica, tamthilia ya safari za angani, kama Number Six, nayo ikaenda hadi 2009.

Six ni kiumbe wa kutengenezwa, mwenye nakala nyingi za sura ileile. Gauni na nywele humsaidia mtazamaji kuzitofautisha, lakini hazitoshi. Tazameni sehemu ya mwaka 2005 ambapo Gina, nakala iliyofungwa na kuteswa, yumo chumba kimoja na yule Six ambaye mwanasayansi Baltar peke yake humwona. Gina amelala sakafuni, macho yake hayamtafuti mtu. Mwenzake, anayejiamini siku zote, anaumia kwa kumwona.

Modo amefundishwa kuganda pale anapopendeza. Kwenye filamu hilo ndilo kosa: sentensi inaisha, mtu anabaki kama anasubiri kupigwa picha. Mpe mkono kazi. Menya ndizi za mtori huku unasema maneno yako. Ukiganda, kisu nacho kitasimama, utajikamata mwenyewe.

Sasa, nakala mbili kwenye fremu moja mnaweza kuzipiga kwa simu. Iweke kwenye stendi, isiguswe tena mpaka mwisho. Fungia fokasi, mwanga na rangi. Simu ikijirekebisha yenyewe, pande mbili hazitalingana. Chagua mstari wa kugawia fremu, ukingo wa mlango unafaa sana. Cheza nakala ya kwanza upande mmoja, mwenzako wa kimo chako akiwa upande wa pili anakujibu. Badilisha nguo, mhamie kila mtu upande mwingine, mrudie kwa mapumziko yaleyale. Mwisho piga chumba kitupu sekunde 10; mhariri ataunganisha nusu zako mbili kwenye mstari ule, na sekunde hizo atazihitaji kuziba viraka.

Kinachoharibu mara nyingi ni kivuli cha mkono kuvuka mstari, au macho kutazama kifua kwa sababu mwenzako ni mfupi. Na hapa kwetu kuna wingu la Meru: unabadilisha wigi nusu saa, ukirudi mwanga wa dirishani si ule. Ziba dirisha, tumia taa. Filamu zetu za mapacha hukwepa kazi hii kwa kumwonyesha mmoja mgongo tu. Mtazamaji analiona hilo, msijidanganye.

Katika tamthilia ya Lucifer, kuanzia 2016, Helfer alicheza mungu wa kike aliyeingia mwili wa wakili Charlotte, kisha Charlotte mwenyewe baada ya mungu huyo kutoka. Mwili mmoja, watu wawili, wala mstari wa kugawia fremu hauhitajiki. Jaribuni hilo nyumbani kwanza bila kubadili nguo. Wenye stendi, sogeeni mbele tuanze.