Wiki moja ya kushuti na hadithi yenye akili: mafundi wa Nikkatsu

Hii mada ya filamu za wakubwa, yaani za ngono, najua wengine wanaionea aibu, ila humu ndani wote ni watu wazima na tunaongelea ufundi wa filamu, basi.

Watu wanasema filamu za wakubwa hazinaga stori, mi nakataa, na ushahidi wangu ni Nikkatsu. Hii ni studio ya tangu 1912, kongwe kabisa pale Japani, sasa ikifika 1971 iko hoi kifedha, watu wamehamia kwenye TV, kwa hiyo wakaamua kugeukia filamu za wakubwa, wakaziita Roman Porno, ya kwanza ikatoka Novemba mwaka huohuo na wakaenda nazo mpaka 1988.

Masharti ya studio yalikuwa hivi: filamu iwe kama dakika 70, uishuti kwa wiki moja hivi, bajeti kiduchu, na kila dakika kumi hivi kuwe na tukio la kimapenzi. Ukishatimiza hayo dairekta huulizwi kitu, mengine yote ni yako! Na wanaoshuti ni nani? Ni walewale mafundi wa taa, wa kamera, wa seti, waliopikwa miaka mingi kwenye filamu za kawaida, wana studio yao kwenye mji wa Chofu, Tokyo, wanapiga kwa mkanda wa milimita 35 kama wa filamu za sinema, sauti wanaiingiza baadaye kwa sababu muda hautoshi.

Mwangalieni Tatsumi Kumashiro, mmoja wa madairekta wao. Mwaka 1973 alitengeneza filamu ya nyumba ya geisha (wanawake wa Kijapani wa kuburudisha wageni), ndani watu wako na mapenzi yao, huku nje ni 1918, wananchi wanafanya vurugu kwa sababu mchele umepanda bei na wanajeshi wanapelekwa Siberia, yaani chumba kimoja kinakuonyesha nchi nzima. Halafu pale sheria ilipomlazimisha afiche mwili, hakuficha kijanja, alibandika mapande makubwa meusi kwenye picha ili kila mtu aone kwamba hapa kuna mkono wa serikali. Huo ndio udairekta. Na Nikkatsu walishtakiwa kweli kwamba filamu zao ni chafu, kesi ikawasumbua tangu 1972, wakashinda moja kwa moja 1980.

Nje ya Nikkatsu pia kulikuwa na makampuni madogo ya filamu za namna hiyo, Yojiro Takita alianzia huko, baadaye filamu yake ya 2008 ikabeba Oscar.

Kilichoua filamu hizi ni video. Miaka ya 80 kamera zikawa rahisi, mtu anakodi kaseti anaenda kuangalia kwake, sasa nani tena amlipe fundi wa seti, nani amlipe mwandishi? Soko likahamia kwenye kutoa nyingi na haraka, hadithi ikabaki ya kuvukia tu.

Na jamani ubora sio taa peke yake, kuna yule anayesimama mbele ya kamera. Wapo walioshinikizwa kucheza filamu hizi, hilo limewaumiza watu kweli, ndo maana 2022 Japani ikapitisha sheria: ukishasaini mkataba unasubiriwa mwezi mzima ndo ushutiwe, kutoka kushuti mpaka kuuza ipite miezi minne, na hata ikishatoka una mwaka mzima wa kuvunja mkataba bila kulipa fidia. Wenye makampuni wamelalamika inachelewesha kazi. Acha icheleweshe!