Kesi ya 2019 na Cheo cha Mwalimu

Walimu wenzangu, asanteni kwa kuja. Nimeombwa nizungumzie kesi za vyeo, nami nitakaa zaidi kwenye kesi moja, ile ya chama cha walimu, KNUT, dhidi ya TSC, yaani Tume ya Huduma kwa Walimu, maana maumivu yake wengi wenu mnayajua mfukoni.

Kwanza tujue kalamu iko mkononi mwa nani. Kifungu cha 237 cha Katiba ya Kenya ya 2010 kimeipa TSC kazi ya kusajili walimu, kuwaajiri, kuwapangia shule, kuwapandisha vyeo, kuwahamisha na kuwaadhibu. Ukinyimwa cheo, usimnunie mwalimu mkuu wako. Mwenye neno ni tume, na tume hiyohiyo ndiyo inayotunga miongozo ya vyeo na kuitekeleza. Kwa maoni yangu, kesi nyingi huzaliwa hapo.

Zamani tulikuwa na skimu, yaani utaratibu wa kupanda vyeo kwa vyeti. Mwalimu wa P1, yaani mwenye cheti cha ualimu wa shule ya msingi, akijisomesha digrii, alipeleka cheti chake akapandishwa daraja. Ndiyo maana watu walikopa SACCO, wakauza ng'ombe, wakakaa chuoni Desemba nzima wenzao wakila sikukuu. Kisha ukaja mwongozo mpya wa TSC wa kupandisha vyeo, CPG, ukaambatana na mkataba wa mishahara wa 2017 hadi 2021. Cheti peke yake hakikutosha tena: sharti nafasi itangazwe, uombe, usailiwe. Mwalimu wa msingi akianzia daraja la B5, baada ya miaka 3 hupanda daraja la C1 bila kushindana na mtu. Baada ya hapo ni kungoja nafasi, na wapo waliozeeka wakingoja huku vijana waliowapokea kazini wakiwatangulia.

KNUT ikaenda mahakamani. Tarehe 12 Julai 2019, Jaji Byram Ongaya wa Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi akaamua kwamba wanachama wa KNUT wapandishwe vyeo kwa kufuata skimu. Shangwe zilisikika nchi nzima.

Furaha hiyo haikudumu. TSC ilisema: vyema, kama wanachama wa KNUT wako chini ya skimu, basi nyongeza ya mshahara iliyofungamanishwa na CPG haiwahusu. Sasa wafikirieni walimu wawili wa shule moja ya msingi. Walimaliza chuo mwaka mmoja, wote ni C1, madarasa yao yanapakana. Kwenye hati ya mshahara ya mmoja kuna mstari wa makato ya uanachama wa KNUT; kwenye ya mwenzake haupo. Mwenye mstari ule hakuona nyongeza, mwenzake aliiona. Kazi ni ileile na cheo ni kilekile!

Walimu wakafanya ambalo mtu mwenye ada za watoto hufanya: wakajiondoa chamani. KNUT iliyokuwa na wanachama zaidi ya 180,000 kabla ya hukumu ilibaki na chini ya 20,000 kufikia 2021, na Juni mwaka huo katibu mkuu wake, Wilson Sossion, akajiuzulu.

Mimi sisemi KNUT ilikosea kushtaki. Dai lilikuwa la haki. Aliyesoma akiahidiwa daraja ana haki ya kuuliza ahadi ilikokwenda. Ninachopinga kwa nguvu zangu zote ni cheo cha mwalimu kufuata kadi ya chama. Ukongwe wa mwalimu uko kwenye miaka yake darasani na barua zake za uteuzi, na hauwezi kuongezeka au kupungua kwa sababu ya makato. Mawakili wetu wanapoomba amri kortini, waombe kanuni moja kwa kila aliye kwenye daraja hilo. Na mwajiri asikubaliwe kugeuza hukumu kuwa adhabu kwa aliyeshtaki.

Kwa wenye malalamiko yenu binafsi, nina haya. Sheria ya Ajira ya 2007 inatoa miaka 3 ya kushtaki, na muda huo hausimami eti kwa sababu unaandika barua za kusihi. Kila unaposailiwa, weka nakala ya tangazo la nafasi, maombi yako na jibu. Usipopata jibu, andika uombe sababu kwa maandishi. Sheria ya Hatua za Haki za Kiutawala ya 2015 inakupa haki hiyo. Tafuta barua yako ya kupandishwa cheo mara ya mwisho, maana korti itataka kuona tarehe iliyo juu yake. Wenye barua hizo hapa leo, njooni nazo mbele tuzisome pamoja.