Fundi wa mageti na komeo lake: mhadhara niliotoa kwa vijana Mtwara mjini

Haya jamani, wakubwa shikamooni, vijana mambo vipi, asanteni kwa kuja maana jua la leo si mchezo na wengine najua mmetoka mpaka Mikindani. Nimeombwa niongee kuhusu fundi wa mageti, na nyie mnaocheza magemu na kuandika hadithi za malimwengu mengi mnamjua vizuri, kila hadithi ina wa kwake, mzee fulani wa kale alietengeneza milango ya kutoka dunia moja kwenda nyingine, kila mtu anamtaja na hakuna aliemwona, ila mageti yake bado yanafanya kazi. Mimi huyu mtu nampenda sana. Hadithi mlizonitumia nimezisoma zote, na karibu wote mmemfanya fundi wa kufungua tu, geti linafunguka, mwanga unawaka, watu wanapita, basi. Kufunga je? Nani anafunga?

Juzi nlikuwa Mikindani nikasimama mbele ya mlango mmoja wa zamani wa nakshi, mbao zimepauka kwa chumvi ya bahari, ukipitisha kidole kwenye lile ua lililochongwa unasikia kabisa kingo zimelika. Una ubao wa mlango dume na ubao wa mlango jike, katikati kuna ule mti uliosimama unaitwa mfaa, sasa mfaa umepigiliwa kwenye ubao mmoja tu kwahiyo ubao mmoja hauwezi kufunguka mpaka mwenzie utangulie. Nje kuna mnyororo, ndani kuna komeo. Nilikaa pale muda mrefu kweli, nikaona huyu seremala aliwaza kufunga kwanza.

Twende kwenye fizikia kidogo, msiogope. Mwaka 1957 kijana wa Kimarekani Hugh Everett, mwanafunzi wa Princeton, aliandika kwamba hesabu za kwantamu, yaani za vitu vidogo kabisa kama atomu, tukizichukua vilevile zilivyo bila kuzikata kata, basi yale yote yanayoweza kutokea yanatokea, kila moja kwenye tawi lake, yaani dunia yake. Mwaka 1959 akaenda Copenhagen kuongea na Niels Bohr mwenyewe, mzee wa fizikia ya kwantamu, hawakuelewana. Wakati huo alishahamia Pentagon, makao makuu ya jeshi la Marekani, kuwapigia hesabu wanajeshi na fizikia hakuirudia, akafariki 1982 ana miaka 51. Hii inaniuma mpaka leo. Ila angalieni kitu kimoja, kwenye malimwengu ya Everett hakuna mlango hata mmoja, mkishaachana na mwenzio wa tawi lingine ndo mmeachana.

Mlango ulitokea kwingine. Mwaka 1935 Albert Einstein na Nathan Rosen walikuwa wanahangaika na chembe ndogo, wala hawakuwa na habari ya safari, walitaka tu zile sehemu ambazo hesabu inavunjika ziondoke, na hesabu ikawapa karatasi mbili za anga zimeungana kwa shingo katikati. Watu wakaliita daraja. Najua hapa ukisema daraja mtu anawaza Daraja la Umoja pale Mtambaswala, lile lililofunguliwa 2010, unavuka Ruvuma unaingia Msumbiji, sasa hili la akina Einstein halivukiki. John Wheeler, ndo mwalimu aliemsimamia Everett kule Princeton, yeye na Charles Misner mwaka 1957 wakaandika jina la tundu la mnyoo, mfikirie funza wa embe, badala ya kuzunguka ganda lote anatoboa katikati anatokea upande wa pili. Halafu 1962 Wheeler na Robert Fuller wakapiga hesabu wakakuta ile shingo inakatika haraka mno, hata mwanga hauwahi kuvuka. Ikabidi tusubiri mpaka 1988, Michael Morris na Kip Thorne wakaonyesha kwamba ukitaka ikae wazi mtu apite, lazima uitegemeze na kitu chenye nishati hasi, kitu kinachosukuma nje badala ya kuvuta, na cha kiasi hicho hakuna aliewahi kukipata. Mmeona? Geti lenyewe linataka kufunga. Gharama iko kwenye kuliacha wazi.

Na wazee wa huku walishalijua hili muda mrefu bila hesabu. Lipiko, kile kinyago cha ngoma cha Wamakonde, linachongwa kwa mti mwepesi, si mpingo, linavaliwa kichwa kizima, mchezaji anachungulia mdomoni, mwili wote umefunikwa usijue ni nani, na anaetoka pale uwanjani anahesabika ni mzimu umekuja. Ngoma ikiisha lipiko linavuliwa mafichoni na linafichwa. Hilo kufichwa ndo kufunga geti kwenyewe. Na ile hadithi ya asili ya Wamakonde mnaijua, yule kiumbe aliekuwa peke yake porini, haogi wala hanyoi, akachonga sanamu ya mti akaisimamisha, asubuhi ikawa mwanamke. Mtoto wa kwanza akafa kule karibu na mto, wakapanda juu kidogo, wa pili akafa, wakapanda tena mpaka juu kwenye nyanda, wa tatu akaishi. Fundi kafungua, kitu kimekuja, ila hakuna pa kukirudisha, na kimekuja na masharti yake mpaka ya mahali pa kulala.

Kwahiyo fundi wa kwenu mwandikieni komeo. Komeo linakaa upande mmoja tu, na atakaelisukuma lazima awe upande huo, sasa fundi wetu siku ya mwisho anasimama wapi?

Naam, dada pale nyuma, ongea kwa sauti. Anauliza, kama fundi kabaki upande wa pili, huku kwao watajuaje kwamba kafunga yeye na siyo limejifunga lenyewe. Swali zuri sana hilo. Mpe mtu huku, mke wake au mwanafunzi wake, awe anakuja jioni kulijaribu, anakuta mnyororo wa nje unaning'inia, haujafungwa, anasukuma ubao kwa bega, hausogei.