Mahakama Ikikataa Kumwadhibu Aliyeidharau, Je, Rufaa Ipo?

Ndugu wanafunzi wa sheria, na mawakili mliojitokeza, karibuni. Kuna mteja ambaye kila wakili atakutana naye. Ameshinda kesi, amri anayo mkononi, imegongwa muhuri, na aliyeshindwa anaipuuza waziwazi. Anarudi mahakamani kuomba huyo mtu aadhibiwe kwa kudharau mahakama. Jaji anasema haoni sababu ya kuendelea. Mteja anakugeukia: tukate rufaa?

Nitabaki India, maana huko swali hili limechambuliwa mno. Kifungu cha 19 cha Sheria ya Kudharau Mahakama ya 1971 kinatoa haki ya rufaa dhidi ya amri au uamuzi wowote wa Mahakama Kuu inapotumia mamlaka yake ya kuadhibu. Ukisoma harakaharaka, neno "wowote" linakupa matumaini. Mwaka 1974, katika shauri la Baradakanta Mishra, Mahakama ya Juu iliyazima. Mahakama inayokataa kuanza shauri haijatumia mamlaka ya kuadhibu. Na aliyeleta taarifa si mdaawa, yaani si upande katika shauri hilo: akishaiarifu mahakama, kazi yake imekwisha. Jambo linabaki kati ya mahakama na anayedaiwa kuidharau. Mwaka 1988, katika shauri la D.N. Taneja, msimamo ukawa huohuo hata pale mlalamikiwa aliposikilizwa na kuachiwa.

Mimi naona mantiki hiyo inakaa sawa mtu anapoikashifu mahakama. Iliyokashifiwa ni mahakama; ikiamua kunyamaza, nani mwingine alalamike? Lakini kwa amri iliyopuuzwa mambo hubadilika. Heshima ya mahakama imeguswa, sawa, ila anayelala bila haki yake ni mteja wako. Kumwambia yeye ni mtoa taarifa tu, kana kwamba alikuwa akipita njia akaona moshi, hakuniingii akilini.

Waingereza walilitazama kwa jicho jingine. Kifungu cha 13 cha sheria yao ya usimamizi wa haki ya 1960 kinampa nafasi ya rufaa hata yule aliyeomba mwenzake afungwe akakataliwa. Lakini mizani haikuwekwa sawa: aliyeamriwa kufungwa hahitaji kibali cha kukata rufaa, mwombaji aliyekataliwa anakihitaji. Napenda mpango huo. Uhuru wa mtu ni mzito kuliko hasira ya mshindani wake, na bado mshindani hakufungiwa mlango.

Turudi kwa mteja wetu wa India. Amebakiwa na nini? Kwanza, Ibara ya 136 ya Katiba, yaani kuiomba Mahakama ya Juu kibali maalumu. Hiyo ni hiari ya mahakama, kwa hiyo msimwahidi mteja kitu. Pili, na hapa ndipo penye utamu, kuna uamuzi wa mwaka 2006 kuhusu benki ya ushirika ya Midnapore na mfanyakazi wake. Jaji aliyekuwa akisikiliza madai ya kudharau mahakama alitoka nje ya mstari, akaanza kutoa maelekezo kuhusu ajira yenyewe. Mahakama ya Juu ikasema Kifungu cha 19 kinahusu amri ya kuadhibu tu. Lakini jaji akiamua kiini cha mgogoro ndani ya shauri la kudharau mahakama, aliyeumizwa na uamuzi huo hakosi pa kwenda. Anaweza kwenda mbele ya jopo la mahakama hiyohiyo, kama utaratibu wake unaruhusu rufaa ya ndani, au kuomba kibali maalumu.

Kwa hiyo isomeni amri mstari kwa mstari kabla ya kujibu swali la mteja. Jaji amekataa kuadhibu tu, au amegusa pia haki za wadaawa? Na muulizeni mteja anataka nini hasa. Wengi hawataki mtu afungwe. Wanataka mshahara, au kiwanja chao. Kwa hilo yapo maombi ya kukaza hukumu, yaani ya kuitekeleza kwa nguvu ya mahakama, ambayo yana njia zake za kupinga uamuzi. Anayeng'ang'ania adhabu akumbushwe Kifungu cha 20: shauri la kudharau mahakama haliwezi kuanzishwa baada ya mwaka 1 tangu kosa linalodaiwa, na mwaka huo hausimami kumsubiri mtu anayehangaika na rufaa isiyokuwepo.

Haya, karibuni kwa maswali.