Jogoo wa Kileleni

SALMA: Karibuni tena. Baraka, leo sina utangulizi. Jumatano nilisoma sura ya saba ya kitabu chetu mbele ya wasomaji, ile ya mdahalo wa Wadimbwi na Wamto. Binti mmoja akanyoosha mkono: "Jogoo wa kileleni akishushwa bondeni, atawika saa ngapi?" Kikao kizima kikahamia kwa huyo jogoo.

BARAKA: Uliponipigia simu na mimi nikahamia. Ila tuliahidi leo kutoa mambo matatu kwa wanaobuni dunia zao.

SALMA: Tutayafikia. Kwa aliyejiunga leo: Zindari, dunia tuliyoibuni, jua ni moja na alfajiri ni moja. Lakini kati ya alfajiri na alfajiri, kileleni huteketea mishumaa tisa, bondeni minane. Mishumaa ileile. Wadimbwi wanasema kila mahali pana wakati wake, umetuama hapo kama maji dimbwini. Wamto wanasema wakati ni mmoja, ila hewa nzito ya bondeni inakandamiza miali na miili, basi kila kitu kinakokota.

BARAKA: Na jambo lenyewe lipo hata kwetu. Mwaka 1971 wanasayansi wawili, Hafele na Keating, waliizunguka dunia kwa ndege za abiria wakiwa na saa za atomiki. Waliporudi, wakazilinganisha na zilizobaki chini: safari ya kwenda mashariki saa zilikuwa nyuma kwa nanosekunde 59 hivi, yaani sehemu za bilioni za sekunde, ya magharibi zilikuwa mbele kwa 273, maana si kimo tu, mwendo wa ndege nao huibadili saa.

SALMA: Na mwaka 2010, huko Marekani, saa mbili zilitofautiana mwendo kwa kuinua moja sentimita 33 tu! Ya juu ikakimbia zaidi. Zindari tumekikuza hicho mpaka mshumaa ukione. Sasa, jogoo.

BARAKA: Jogoo.

SALMA: Mwaka 2013 watafiti wa Japani waliwaweka majogoo kwenye mwanga hafifu usiobadilika. Hawaoni kunakucha wala kunakuchwa, na bado waliwika kwa mzunguko. Saa wanayo mwilini. Kwa hiyo wa kwetu mwili wake umezoea mishumaa tisa. Mshushe bondeni: wa nane ukiisha, jua limeshatoka, na yeye bado anaungoja wa tisa.

BARAKA: Kumbe ndiyo maana jogoo wa shamba...

SALMA: Hawiki mjini! Anawika watu wameshaamka!

BARAKA: (anacheka) Ngoja, umeacha suala la cheo. Mwaka 2015 watafiti hao wa Japani walionyesha kwamba jogoo mkubwa wa kundi ndiye huanza, wengine hufuata ngazi kwa ngazi. Mgeni akifika bondeni anawakuta wenye bonde. Hata mwili ukimwambia wika, atanyamaza mpaka wenyewe waanze. Akichelewa, utajuaje ni wakati au ni adabu?

SALMA: Basi afungiwe peke yake.

BARAKA: Gizani, maana akiona mwanga atajirekebisha.

SALMA: Gizani, na banda lijazwe hewa ya kileleni. Hapo ndipo pananoga. Kama Wamto wako sahihi na kosa ni la hewa, jogoo huyo atawika na alfajiri barabara. Kama Wadimbwi wako sahihi, atachelewa vilevile.

BARAKA: Naafiki jaribio. Matokeo je?

SALMA: Anachelewa.

BARAKA: Umeshaamua.

SALMA: Nimeamua. Na Wamto watasema basi si hewa, ni udongo. Ukiondoa udongo, watasema ni mawe. Mshumaa, saa ya maji, moyo wa mtu, jogoo, vyote vikichelewa kwa kiasi kilekile, unabaki na nini cha kuita wakati wa kweli?

BARAKA: Nabaki na jua. Kileleni na bondeni wanaona macheo yaleyale.

SALMA: Jua ni saa nyingine, iko mbali tu.

BARAKA: Salma, dada yangu, usiwabeze Wamto. Mwanafizikia Hendrik Lorentz alipata Tuzo ya Nobel mwaka 1902. Fomula zake za wakati na mwendo ndizo hizohizo alizozifikia Einstein mwaka 1905 kwa njia nyingine, na bado Lorentz alishikilia kwamba nyuma ya saa zote kuna wakati mmoja wa kweli. Majibu yao ya hesabu hayakutofautiana.

SALMA: Ndiyo maana wakati huo wa nyuma haukuhitajika. Kitu kisichogusa saa yoyote kinafanya kazi gani?

BARAKA: Zindari kinafanya! Nina daftari la tarehe. Malkia akifa kileleni, lazima nijue bondeni kunatokea nini wakati huohuo, la sivyo siwezi kuandika. Wakati wa kweli upo, uko kwenye daftari.

SALMA: Daftari haliko Zindari. Hakuna mwanazuoni wa kule atakayelifungua. Ukiwapa Wamto ushindi kwa daftari, umewapokonya watu wale sayansi yao. Wana mishumaa, mlima na jogoo. Washinde au washindwe kwa hivyo.

BARAKA: Dunia imebuniwa, Salma. Mbunifu anajua.

SALMA: Mbunifu anajua mpangilio wa kurasa. Huo si wakati.

BARAKA: Kwangu ni wakati.

SALMA: Kwangu si wakati.

(kimya)

BARAKA: Dakika mbili zimebaki. Yale mambo matatu?

SALMA: La kwanza peke yake lilitaka nusu saa. Tuyaache.

BARAKA: Na sura ya nane? Banda linajengwa, halafu?

SALMA: Naiandika mimi, kwa mishumaa. Sitaki tarehe hata moja.

BARAKA: Nitaziweka pembeni.

SALMA: Nitazifuta.

BARAKA: Wasikilizaji, tuandikieni mko upande gani. Na aliyewahi kumhamisha jogoo atuambie aliwika siku ya ngapi.