Misimu 30 ya Toronto Raptors: kombe moja na misimu mibovu iliyolizaa

Mabibi na mabwana, ndugu zangu wapenda kikapu, asanteni sana kwa kunikaribisha.

Nimeombwa nieleze historia ya timu moja ya kulipwa, msimu kwa msimu. Nimewaacha Lakers na Celtics pamoja na makombe yao, nikawachukua Toronto Raptors wa Kanada. Tangu msimu wa 1995–96 hadi 2024–25 wamecheza misimu 30, na wamekuwa mabingwa mara moja tu, mwaka 2019. Wengi husema kombe lile waliletewa na mtu mmoja, Kawhi Leonard, aliyekuja akakaa mwaka mmoja akaondoka. Mimi nasema kombe lile lilianza kutengenezwa katika misimu ya aibu, mingine ikiwa imetangulia kwa miaka 13. Anayetazama orodha ya mabingwa peke yake hawezi kuliona hilo. Inabidi asome jedwali lote la matokeo ya kila msimu, na mistari mibaya aisome pole pole zaidi.

Kwanza kanuni moja, maana bila hiyo tutapotezana njiani. Kila kiangazi timu za NBA, ligi ya kulipwa ya kikapu ya Marekani na Kanada, huteua vijana wapya kwa zamu, na uteuzi huo huitwa drafti. Timu zilizofanya vibaya huingia kwenye bahati nasibu ya zamu za mwanzo, na aliyefungwa sana ana nafasi kubwa zaidi ya kuteua mapema. Na zamu yenyewe ni mali: timu inaweza kuitoa leo ipate mchezaji, au kuipokea leo ije kuitumia baada ya miaka mitatu. Shikeni hilo.

Toronto na kikapu wanajuana zamani. James Naismith, aliyeubuni mchezo huu mwaka 1891, alizaliwa Almonte, katika jimbo hilohilo la Ontario. Na mechi inayohesabiwa kuwa ya kwanza kabisa katika historia ya NBA ilichezwa Toronto tarehe 1 Novemba 1946, New York Knicks wakiwafunga Toronto Huskies 68–66. Huskies walikufa baada ya msimu mmoja. Mji ukakaa karibu nusu karne bila timu katika ligi hiyo.

Mwaka 1995 ligi ikavuka tena mpaka na kuanzisha timu mbili Kanada: Raptors, na Grizzlies wa Vancouver. Grizzlies walihamia Memphis mwaka 2001, na ni Memphis hao waliomteua kijana wetu wa Dar es Salaam, Hasheem Thabeet, kwa zamu ya pili mwaka 2009. Raptors wakabaki peke yao, timu ya nchi nzima.

Msimu wa kwanza walicheza SkyDome, uwanja wa besiboli. Meneja mkuu, Isiah Thomas, alimteua Damon Stoudamire, kijana mfupi wa futi tano na inchi kumi. Drafti ya mwaka ule ilifanyika hapohapo SkyDome na mashabiki wakazomea, kwa sababu walimtaka Ed O'Bannon. Stoudamire akawa chipukizi bora wa mwaka. Timu ilimaliza na ushindi 21 na vipigo 61, lakini Machi 1996 iliwafunga Chicago Bulls 109–108, Bulls walewale wa Michael Jordan waliopoteza mechi 10 tu kati ya 82.

Kiangazi hicho likatokea jambo ambalo nadhani halisemwi vya kutosha. Bahati nasibu iliiangukia Toronto. Lakini masharti waliyoyakubali walipoingia kwenye ligi yalizikataza timu mpya kuteua wa kwanza. Zamu ikaenda Philadelphia, nao wakamchukua Allen Iverson. Toronto wakamchukua Marcus Camby, wa pili. Tutakutana na Iverson tena.

Msimu wa 1996–97, ushindi 30, vipigo 52. Drafti iliyofuata wakamteua Tracy McGrady, zamu ya tisa. Halafu 1997–98, ushindi 16 tu na vipigo 66, mechi 17 mfululizo bila kushinda, Thomas akatoka, Stoudamire akapelekwa Portland. Ndio msimu mbaya kuliko yote katika historia ya timu hii. Na ni vipigo hivyo vilivyowapa zamu ya nne mwaka 1998: walimteua Antawn Jamison na usiku uleule wakabadilishana na Golden State, wakampata Vince Carter.

Carter alibadili kila kitu. Timu ilikuwa imehamia Air Canada Centre, na Februari 2000, mjini Oakland, alishinda shindano la danki, yaani kuruka na kuupigilia mpira kikapuni, kwa namna ambayo hadi leo vijana wanaitazama kwenye simu zao. Mwaka huo walishinda mechi 45 na kuingia mtoano kwa mara ya kwanza. New York wakawatoa 3–0, kisha McGrady akaondoka zake Orlando.

Msimu wa 2000–01 nataka tukae nao kidogo. Ushindi 47, wakawatoa New York, wakakutana na Philadelphia. Iverson alifunga pointi 54 katika mechi ya pili na 52 katika ya tano. Carter alimjibu kwa 50 katika ya tatu. Chini ya kikapu cha Philadelphia alikuwa amesimama Dikembe Mutombo, mzaliwa wa Kinshasa. Ikafika mechi ya saba, ile ya mwisho ya kuamua, tarehe 20 Mei 2001. Asubuhi ile Carter alikwenda kwenye mahafali yake Chuo Kikuu cha North Carolina, kisha akapanda ndege kwenda Philadelphia. Sekunde mbili zimebaki, Toronto wako nyuma 88–87. Dell Curry anarusha mpira kutoka nje ya mstari, Carter anaupokea upande wa kushoto, anamrusha beki kwa hila, anapiga. Mpira unagonga ringi, unatoka. Mashabiki wengi walimlaumu kwa safari ya asubuhi. Mimi silioni kosa lake. Shuti lilikuwa zuri, na mtu kuhudhuria mahafali yake si uzembe.

Misimu mitatu iliyofuata naipita haraka: ushindi 42, 24, 33. Desemba 2004 Carter aliyechoshwa alipelekwa New Jersey, na katika mabadilishano hayo jina kubwa upande wa Toronto lilikuwa Alonzo Mourning, ambaye hakuwahi kuwachezea hata dakika moja. Chris Bosh, aliyeteuliwa wa nne mwaka 2003, akabaki akibeba mzigo.

Halafu 2005–06. Tarehe 22 Januari 2006, Los Angeles, Raptors wanakwenda mapumziko wakiongoza 63–49. Kipindi cha pili Kobe Bryant wa Lakers anafunga pointi 55 peke yake. Jumla yake usiku ule ni 81, na hadi wakati ule hakuna aliyekuwa amewahi kufunga zaidi katika mechi moja ya ligi hiyo isipokuwa Wilt Chamberlain mwenye 100. Raptors walimaliza na vipigo 55, na safari hii bahati nasibu iliwapa zamu ya kwanza bila kizuizi. Wakamteua Mwitaliano Andrea Bargnani, Mzungu wa kwanza kutoka Ulaya kuteuliwa namba moja.

Bargnani hakuwa nyota waliyemtarajia. Mwaka wake wa kwanza timu ilishinda mechi 47 na kutwaa ubingwa wa kundi la Atlantic, kisha ikaanza kuteremka: 41, 33, 40. Mwaka 2010 Bosh akatimkia Miami, na msimu uliofuata ukawa wa ushindi 22 na vipigo 60. Nimesikia watu wakiiita hiyo miaka ya kupotea bure. Naomba msikubali. Mwaka 2009, baada ya ushindi 33, waliteua zamu ya tisa wakampata DeMar DeRozan. Mwaka 2011, baada ya vile vipigo 60, wakateua wa tano, Jonas Valančiūnas. Mwaka 2012 wakatoa zamu moja ya drafti kwa Houston wakampata Kyle Lowry, mlinzi ambaye klabu mbili zilikuwa zimeshamwachia.

Mei 2013 akaja Masai Ujiri kuongoza timu, baba Mnigeria, mama Mkenya, mtu ambaye tangu 2003 alikuwa akiendesha mpango wa Giants of Africa wa kufundisha kikapu kwa vijana wa bara hili. Hatua yake ya mapema ilikuwa kumpeleka Bargnani New York. Kati ya alivyopokea kulikuwa na zamu ya raundi ya kwanza ya mwaka 2016. Watu hawakuijali, miaka mitatu ni mbali. Desemba akamtoa Rudy Gay, mfungaji mwenye mshahara mkubwa, kwenda Sacramento, akapokea wachezaji wanne wa kawaida, mmoja wao Greivis Vásquez. Wengi walidhani anabomoa timu. Badala yake timu ikashinda mechi 48, ikafika mechi ya saba dhidi ya Brooklyn, na shuti la mwisho la Lowry likazuiwa na Paul Pierce. Walifungwa 104–103.

Kuanzia hapo jedwali linapendeza: ushindi 49, 56, 51, 59. Mwaka 2016 walifika fainali ya Kanda ya Mashariki kwa mara ya kwanza, na katika mechi ya tatu dhidi ya Cleveland, Bismack Biyombo, mtoto wa Lubumbashi, akaokota ribaundi 26, yaani mipira iliyokosa kikapu, mbele ya LeBron James. Nimeitazama mechi ile mara nyingi. Biyombo hakuwa mfungaji, na hakuna mpango wa ushambuliaji uliochorwa kwa ajili yake. Alikuwa anafika kwenye mpira kabla ya wenzake kwa sababu anaanza kusogea mpira ukiwa bado mkononi mwa mpigaji. Ninyi mnaofundisha vijana wafupi kwa warefu, waonyesheni mechi hiyo. Toronto walishinda 99–84, ila mwisho wa yote Cleveland waliwatoa 4–2. Mwaka 2017 Cleveland tena, 4–0. Mwaka 2018 Cleveland tena, 4–0, baada ya msimu wa ushindi 59. Dwane Casey alichaguliwa kocha bora wa ligi akiwa ameshafukuzwa kazi.

Julai 2018 Ujiri akafanya jambo lililowaumiza mashabiki, na bado linawauma wengine. DeRozan, misimu tisa klabuni, aliyeipenda Toronto wakati nyota wengine wanaikimbia, alipelekwa San Antonio. Pamoja naye alikwenda kijana wa Austria, Jakob Poeltl. Wakaja Kawhi Leonard na Danny Green.

Sasa turudi nyuma tuufuate uzi. Poeltl aliteuliwa mwaka 2016 kwa zamu ya tisa, na zamu hiyo ndiyo ile iliyotoka New York kwa ajili ya Bargnani. Bargnani alipatikana kwa sababu ya msimu wa 2005–06, msimu wa pointi 81 za Kobe. DeRozan alipatikana kwa msimu mbovu wa 2008–09. Valančiūnas, tunda la vipigo 60, Februari 2019 alipelekwa Memphis, akaja Marc Gasol. Na Vásquez, yule wa kawaida aliyekuja kwa Rudy Gay? Alikuwa amepelekwa Milwaukee mwaka 2015, wakapatikana Norman Powell na zamu iliyomleta OG Anunoby mwaka 2017. Ongezeni Pascal Siakam wa Kamerun, aliyeteuliwa wa 27, na Fred VanVleet ambaye hakuteuliwa na mtu yeyote. Leonard alikuwa nyota, sibishi. Lakini bei yake ililipwa na misimu ambayo watu waliona haya kuikumbuka.

Ushindi 58 msimu ule, chini ya kocha Nick Nurse. Tarehe 12 Mei 2019, mechi ya saba, tena dhidi ya Philadelphia, safari hii nyumbani. Matokeo 90–90. Leonard anakimbia kuelekea kona ya kulia, Joel Embiid amemfuata mikono juu, inabidi mpira apige juu sana ili upite. King'ora kinalia mpira ukiwa hewani. Unagonga ringi, unaruka, unagonga tena, unahamia upande wa pili wa ringi, unadunda mara mbili zaidi, unaingia. Kwa waliokuwa na kumbukumbu ya mwaka 2001, mnaweza kufikiria wenyewe zile sekunde.

Milwaukee waliongoza 2–0, wakafungwa nne mfululizo. Kwenye fainali, Golden State ya Stephen Curry, mwana wa Dell, ambayo ilikuwa na majeruhi wazito, ilipigwa 4–2. Mechi ya mwisho ilikuwa tarehe 13 Juni mjini Oakland, 114–110. Serge Ibaka wa Brazzaville alikuwa kwenye kikosi hicho.

Leonard aliondoka wiki chache baadaye. Kama timu ilikuwa ni yeye peke yake, basi waliobaki wasingeshinda mechi 53 na kufungwa 19 tu msimu uliofuata, uwiano bora wa ushindi katika historia yote ya klabu.

Kisha wakateremka. Msimu wa 2020–21, kwa sababu ya korona na mpaka uliofungwa, walicheza mechi za nyumbani Tampa, Florida, wakashinda 27. Msimu huo mbovu uliwapa zamu ya nne na Scottie Barnes, chipukizi bora wa 2022. Baadaye Anunoby na Siakam waliuzwa ndani ya wiki chache, mwishoni mwa 2023 na mwanzoni mwa 2024, timu ikamaliza na ushindi 25. Juni 2025 Ujiri naye akaondoka.

Mstari wa mwisho wa jedwali, 2024–25, ni ushindi 30 na vipigo 52, hesabu ileile ya 1996–97. Mwaka 1997 hesabu hiyo iliwapa zamu ya tisa na McGrady, wakamwachia aende bila kupata thamani yake. Mwaka 2025 imewapa tena zamu ya tisa, na wamemteua Collin Murray-Boyles. Yeye ndiye nitakayemfuatilia.

Karibuni kwa maswali.